KWA NINI DOKTA CONNORS HAKUGEUKA KENGE?

Najua nimewatupa muda mrefu. Wengine mmeniandikia kuuliza kama nimeoa au nimefukuzwa kazi. Yote mawili hapana. Ni uchovu tu wa chumba cha habari. Ukirudi nyumbani saa nne usiku, herufi hutaki hata kuziona.

Leo siasa naziweka pembeni. Jumanne alinipigia simu mwalimu mmoja mstaafu. Miezi mitano iliyopita nilimhoji kuhusu mafao yake, nikamtia ndani ya habari kubwa iliyohusu wastaafu wengi, nikamwahidi kwamba nitarudi kwake. Nilimwambia, "Mwalimu, wewe una habari yako peke yako." Sijarudi. Tulipomaliza kuongea nilikaa pale mezani nikamkumbuka mtu mmoja ambaye hata hayupo duniani, Dokta Curt Connors wa kwenye Spider-Man. Nichekeni, lakini mkimaliza kucheka nisikilizeni.

Mimi Spider-Man 2 niliiona kibanda umiza, Mbagala, shilingi mia, benchi la mbao, jasho la watu arobaini. Filamu yenyewe ilitoka mwaka 2004 lakini kwetu ilifika kwa wakati wake. Kaka yangu alikuwa amekaa kushoto kwangu. Mle ndani kila mtu anamtazama steringi, si ndiyo kawaida? Kaka yeye alinipiga kiwiko pale alipotokea mhadhiri wa Peter Parker, mwanamume mwenye mkono mmoja. Akaninong'oneza, "Huyo ndiye kenge. Filamu ijayo anageuka kenge, utaona."

Kaka alikuwa na mamlaka ya kusema hivyo. Jirani yetu alikuwa na kanda ya video ya katuni za Spider-Man, zile zilizoanza kuonyeshwa Marekani mwaka 1994, na sehemu ya kwanza kabisa ya katuni zile inamhusu huyo huyo. Kwa Kiingereza anaitwa Lizard. Ungepaswa kusema mjusi, lakini mjusi ni yule wa ukutani anayekula mbu. Dude lenye urefu wa mtu, magamba ya kijani na mkia wa kuvunja ukuta, hilo ni kenge. Kaka alisema kenge, na mimi nitasema kenge mpaka mwisho.

Kwa ambao hamkukulia kwenye vitabu vya katuni (nami sikukulia humo, nimevisoma ukubwani), Kenge ni mmoja wa maadui wakongwe kabisa wa Spider-Man. Stan Lee na Steve Ditko walimleta kwenye toleo la 6 la The Amazing Spider-Man, Novemba 1963. Connors alikuwa daktari wa upasuaji aliyepoteza mkono vitani. Akajiuliza swali ambalo kila mtoto wa uswahilini ameshajiuliza: mjusi ukimkata mkia unaota tena, kwa nini binadamu asiote mkono? Akatengeneza dawa kutokana na viumbe hao, akainywa mwenyewe. Mkono ukaota kweli. Halafu na vingine vikaota.

Kinachonikamata kwenye hadithi ile ni kwamba Connors ana mke na mtoto mdogo, na Spider-Man hafanyi kazi ya kumpeleka jela. Anahangaika kumtengenezea dawa ya kumrudisha. Huyu ni adui ambaye steringi anataka apone.

Sasa tazameni alivyotendewa kwenye filamu tatu za Sam Raimi. Katika ile ya kwanza, mwaka 2002, jina lake linatajwa tu. Peter anasema Dokta Connors kamfukuza kazi kwa kuchelewa. Katika ya pili tunamwona kwa macho, akichezwa na Dylan Baker, anafundisha chuo kikuu na kumkaripia Peter kwa uvivu. Katika ya tatu, mwaka 2007, Peter anampelekea kipande cha kile kitu cheusi kilichomganda mwilini, naye anakichunguza kwenye hadubini na kumwonya. Basi. Mkono mmoja tangu mwanzo hadi mwisho. Hakuna chupa ya dawa wala gamba hata moja. Miaka mitano jamaa anaandaliwa, halafu taa zinawashwa tunaambiwa tutoke nje.

Kwa nini?

Mara nyingi adui akikosekana kwenye filamu za aina hii jibu liko kwa wanasheria. Marvel walipokuwa na hali mbaya ya fedha miaka ya 1990 waliuza haki za filamu za mashujaa wao vipande vipande. X-Men na Fantastic Four zikaangukia kwa Fox, Spider-Man akaenda Sony. Ndiyo maana The Avengers ya mwaka 2012 isingeweza kumtumia Doctor Doom hata kama wangempenda vipi. Alikuwa mali ya nyumba nyingine, na hali hiyo ilibadilika pale tu Disney walipoinunua Fox mwaka 2019. Lakini Kenge ni adui wa Spider-Man, na Spider-Man alikuwa wa Sony. Haki zilikuwepo, mwigizaji alikuwepo, mshahara keshalipwa. Hakuna wa kumsingizia.

Nimezitazama tena zote tatu wiki hii, usiku, nikiwa na daftari kama niko kwenye mkutano wa waandishi. Na mimi ninavyoona, Connors alikosa nafasi kwa sababu hadithi yake waligawiwa wenzake.

Anzeni na Norman Osborn wa filamu ya kwanza, yule wa Willem Dafoe. Mwanasayansi anajijaribishia kemikali yake mwenyewe, inamgawa watu wawili ndani ya ngozi moja, na ana mtoto wa kiume nyumbani asiyejua kitu. Hiyo si hadithi ya Connors? Haya, njooni kwa Otto Octavius wa filamu ya pili, yule wa Alfred Molina. Mwanasayansi mwema, ana mke anayempenda, anampokea Peter mezani kwake kama mwanafunzi wake, kisha uvumbuzi wake unamteka, na mwishoni Peter hampigi hadi kumwua bali anamsihi arudi kuwa mtu. Hiyo nayo ni ya nani? Tena hapa kuna jambo la kuchekesha na kusikitisha. Kwenye filamu ile ile Peter anamwambia Connors kwamba anataka kuandika kuhusu Octavius, na Connors anamjibu kuwa Octavius ni rafiki yake. Yaani mwenye hadithi anasimama pale na mkono wake mmoja, anampisha rafiki yake mwenye mikono ya ziada minne apite mbele.

Halafu kuna suala la uso. Raimi anapenda nyuso. Octavius wake hana kinyago kabisa. Spider-Man mwenyewe anabaki bila kinyago kwenye lile treni, na pale kibandani watu walinyamaza kama wako msibani. Hata Venom, lile dude la meno, kila baada ya muda uso wake unafunuka tumwone Topher Grace ndani. Mtanibishia kwamba Sandman ni mchanga wa kompyuta. Ni kweli, lakini mchanga ule una macho ya Thomas Haden Church na unalia kwa ajili ya binti yake. Kenge utamfunua nini? Ukimvua uso umemvua yote. Hilo ni wazo langu tu, sijalisikia kwa Raimi, ila ukizipanga filamu zake tatu mstari mmoja utaona jinsi alivyowachagua.

Sasa ile ya tatu. Hapa nazungumza kama mtu wa gazeti, maana yaliyotokea pale nayajua kwa mwili. Raimi ameeleza mwenyewe kwamba Venom hakuwa chaguo lake. Mtayarishaji Avi Arad ndiye aliyemsukuma, akimwambia mashabiki wanampenda Venom na lazima awemo. Raimi alikuwa tayari na Sandman na Harry Osborn. Venom akaingizwa juu yao. Maadui watatu kwenye filamu moja, na Connors bado kasimama maabara anasubiri zamu.

Asiyewahi kufanya kazi chumba cha habari anadhani habari hukatwa kwa sababu ni mbaya. Sivyo. Habari hukatwa kwa sababu ukurasa una urefu wake. Saa kumi na mbili jioni linashuka tangazo la robo ukurasa, au mkubwa fulani anapiga simu kwamba hotuba yake imesahaulika, na mhariri hawezi kurefusha karatasi. Anakata. Anakata kutoka chini, kwa sababu vya chini ndivyo havipigi kelele. Sehemu ya pili ya mwalimu wangu ilikuwa na aya kumi na nne na picha. Ilipangwa Jumatano. Jumatano pakaingia kitu kingine, sitasema nini. Ikasogezwa Ijumaa. Ijumaa hakuna aliyeiulizia, nami, niwe mkweli, sikuiulizia. Nilikuwa na safari ya kikazi yenye posho.

Ndiyo maana simlaumu sana Arad. Venom alileta watu. Spider-Man 3 ilikusanya zaidi ya dola milioni 880 duniani, kuliko mbili zilizoitangulia. Miaka kadhaa baadaye Raimi alikiri kwamba filamu ile haikufanikiwa kwa sababu hakuwaamini wahusika wake wote. Lakini tiketi zilikuwa zimeshauzwa.

Basi tukasema, ya nne. Kaka alisema ya nne, hapana shaka. Nilikuwa darasa la tano, nikaweka dau na mtoto wa jirani, madaftari mawili. Lakini hata ile ya nne adui aliyekuwa akiandaliwa ni Vulture, mzee mwenye mabawa, na aliyetajwa kumcheza ni John Malkovich. Mwanasayansi wetu anapishwa tena! Halafu Januari 2010 yote yakafutwa. Raimi hakuridhika na mswada, akaona hawezi kufikisha filamu nzuri ndani ya muda aliopewa, akaondoka. Sony wakaamua kuanza upya na watu wapya.

Na mnajua walipoanza upya walimchukua nani awe adui wa kwanza? Julai 2012, The Amazing Spider-Man, adui ni Kenge. Connors mwingine, Rhys Ifans, na magamba yote na mkia wote. Dylan Baker aliyefundisha pale tangu 2004 hakuitwa. Nilipoiona ile filamu nilipaswa kushangilia, nimeshinda dau. Nilikaa kimya. Yule hakuwa mwalimu wetu. Ni kama mtu amekaa miaka kwenye ofisi akilipwa kwa kila habari, anaambiwa ajira yako inakuja, halafu gazeti linabadilisha uongozi, nafasi inatangazwa, anachukuliwa kijana mwenye jina kama lake.

Mwaka 2021 kwenye Spider-Man: No Way Home waliwarudisha maadui wa zamani. Osborn karudi, Octavius karudi, Sandman karudi. Kenge naye karudi, lakini ni yule wa 2012. Tobey Maguire yuko pale pale vitani, na anayepigana naye anaitwa Connors, na si yule aliyemkaripia darasani. Sikumwona akishtuka. Mimi nilishtuka kwa niaba yake.

Kaka sasa anaishi Mtwara, ana watoto wawili. Juzi nilimtumia ujumbe, nikamweleza nadharia yangu yote hii, Osborn, Octavius, ukurasa na tangazo. Akanijibu kwa mstari mmoja kwamba ninafikiri sana, jamaa alipaswa kugeuka kenge na hela waliyochukua kibandani warudishe. Shilingi mia mbili, yake na yangu.

Na mwalimu? Aliponipigia Jumanne hakuwa na hasira. Hilo ndilo lililoniumiza. Alisema, "Mwanangu, hujambo? Nilikuwa naulizia ile yetu." Nikampa shikamoo, nikaanza kueleza mambo ya kurasa, nafasi, mhariri. Akasikiliza mpaka mwisho kama anavyosikilizwa mwanafunzi aliyekuja bila kazi ya nyumbani. Akaniuliza kama faili lake bado ninalo. Ninalo. Nakala za barua zake zote, kuanzia ile ya kwanza, ziko kwenye droo ya chini, chini ya sahani yangu ya chakula.

Kisha akauliza kwenye ile habari iliyotoka alikuwa aya ya ngapi, maana miwani yake imevunjika na mjukuu aliyemsomea alisoma haraka. Nikafungua gazeti nikahesabu kwa kidole.

Ya nane, Mwalimu. Kati ya kumi na moja.