Kiungo aliyeficha ugonjwa wa tumbo

Jamani, kila wikendi kwenye banda la mpira tunabishana kuhusu viungo. Huyu anataja Modrić, yule anataja Kanté, kaka zetu waliotutangulia wanasema hakuna kama Roy Keane. Darren Fletcher hatajwi. Ukimtaja watu wanacheka, eti yule alikuwa anakimbia tu.

Leo tunamwandikia yeye. Siyo kwamba aliwazidi hao, hapana, hakuwazidi. Tunamwandikia kwa sababu ya kitu kilichompata tumboni, kitu ambacho baadhi yetu hapa kambini tunakijua vizuri sana ila hatukisemi.

Tuanze na mpira. Fletcher ni Mskoti, kazaliwa 1984, kwao ni karibu na Edinburgh. Manchester United walimchukua akiwa bado kijana mdogo, na mechi yake ya kwanza na wakubwa ilikuwa Machi 2003 dhidi ya Basel, Ligi ya Mabingwa Ulaya. Miezi michache baadaye Beckham akauzwa Real Madrid, na huyu kijana mwembamba akawa anapangwa kulia kule kule alikokuwa Beckham. Fikiria mwenyewe. Watu wamezoea krosi za Beckham, wanaletewa kijana wa Uskoti ambaye sifa yake ni kukaba na kutoa pasi fupi. Hawakumpenda.

Mwaka 2005 mambo yakawa mabaya zaidi. Timu ilipigwa 4-1 na Middlesbrough, na nahodha Roy Keane akaenda kwenye televisheni ya klabu kuwasema wenzake. Mahojiano yale hayakurushwa, lakini magazeti yaliandika kwamba Fletcher alikuwa mmoja wa waliosemwa. Siku chache tu baadaye, tarehe 6 Novemba, United ikacheza na Chelsea ya Mourinho, timu iliyokuwa imemaliza mechi 40 za ligi bila kufungwa. Matokeo 1-0. Aliyefunga, kwa kichwa, ni Fletcher.

Kuanzia hapo akapanda taratibu. Kufikia 2009 Ferguson alikuwa hampangi tena kwa kumjaribu. Mechi kubwa zote yumo, maana bila yeye katikati kunavuja. Halafu ikaja nusu fainali dhidi ya Arsenal, London, mwezi wa tano. United wanaongoza 3-0, mchezo umekwisha kabisa. Fàbregas anaingia kwenye boksi, Fletcher anateleza kumzuia, anaugusa mpira. Ukirudia picha unaona wazi kaugusa. Mwamuzi anatoa penalti na kadi nyekundu. Fainali ya Roma dhidi ya Barcelona akaitazama akiwa nje, United ikafungwa 2-0. Hadi leo kuna mashabiki kwenye banda letu wanaoapa kwamba angekuwepo yeye, Xavi na Iniesta wasingetembea vile. Tunadhani wanazidisha, lakini waacheni, ni wazee wetu.

Hiyo kadi ndiyo watu wanayoikumbuka. Sisi tunaona kubwa zaidi ni lililofuata.

Mwaka 2011 Fletcher akaanza kupotea uwanjani. Klabu ikasema ana virusi. Wiki zikapita, miezi ikapita, virusi haviishi. Kumbe alikuwa na ugonjwa wa vidonda kwenye utumbo mpana, ule ambao madaktari wanauita ulcerative colitis. Yaani kinga ya mwili, badala ya kupigana na wadudu, inageuka na kushambulia utumbo wenyewe. Unaharisha, unatoka damu, unakonda, nguvu zinaisha, na unaenda chooni mara nyingi mpaka mtu anashindwa kutoka nyumbani. Hauambukizi. Pia haujaletwa na uchafu wako wala chakula cha jirani.

Na yeye alificha. Alieleza baadaye mwenyewe kwamba kwa muda mrefu wachezaji wenzake hawakujua, akawa anatafuta visingizio. Huyu ni mtu mwenye daktari wa timu, hospitali nzuri, mshahara ambao hatuwezi hata kuuhesabu. Bado kusema “naumwa utumbo, natoka damu chooni” kulimshinda. Aibu ya choo haiulizi una pesa kiasi gani.

Sasa njooni huku kwetu. Kwenye zahanati unaeleza shida yako mezani huku foleni nzima iko nyuma yako, jirani yupo, mama mkwe wa kaka yako yupo. Nani atasema neno “damu” pale? Unasema tu tumbo linauma. Unapewa dawa za amiba. Unarudi mwezi ujao, tumbo linauma, dawa za amiba. Nyumbani nako, kwa sisi tuliotoka Kivu, mtu akikonda bila sababu wazee wanasema ni karuho, kapewa sumu, na mara familia mbili zilizokimbia vita pamoja hazisalimiani tena.

Mmoja wetu kwenye kikundi ameturuhusu tuandike habari zake bila jina. Yeye alizunguka hivyo zaidi ya mwaka. Aliacha kuja mazoezini kwa sababu hakuweza kumaliza nusu saa bila kutafuta choo, akasema goti linamsumbua. Alipopelekwa hospitali ya mjini wakamwangalia ndani kwa mpira wenye kamera, jibu likawa ni ule ule wa Fletcher. Anasema kilichompa nafuu kwanza siyo dawa. Ni kuambiwa kwamba ugonjwa wake una jina.

Kwa Fletcher jina lilitoka hadharani Desemba 2011, klabu ilipotangaza kwamba anapumzika mpira kwa muda usiojulikana. Ana miaka 27. Wengi tuliamini ndiyo basi. Alirudi kidogo Septemba 2012, mwili ukakataa, na Januari 2013 akafanyiwa upasuaji, msimu ukaishia hapo. Tarehe 15 Desemba 2013, karibu mwaka mzima baadaye, aliingia kama mchezaji wa akiba kule kwa Aston Villa. United walikuwa wanaongoza 3-0, kwa hiyo kiufundi ile dakika haikuwa na maana yoyote. Mashabiki waliosafiri walimpokea kwa shangwe kama vile kafunga yeye.

Februari 2015 akahamia West Brom, wakampa kitambaa cha nahodha. Msimu wa 2015-16 alicheza mechi zote 38 za ligi. Zote. Mtu ambaye miaka mitatu nyuma alikuwa hospitalini. Timu ya taifa ya Uskoti aliichezea mara 80, na hakuwahi kufika Kombe la Dunia wala Kombe la Ulaya, maana miaka yake yote nchi yake haikufuzu. Mwaka 2021 United wakampa kazi ya mkurugenzi wa ufundi.

Tusidanganyane lakini. Si kila mwenye ugonjwa huu anafanyiwa upasuaji, na si kila anayefanyiwa anarudi kukimbia hivyo. Wengi wanaishi na dawa, ugonjwa unatulia, unarudi, unatulia. Mwenzetu yuko kwenye dawa sasa. Zikichelewa kufika, tunajua kabla hajasema, kwa sababu haji. Kama wewe unayesoma unatoka damu chooni, hata kidogo, omba kuonana na muuguzi peke yako na uitaje damu. Ukiona haya, mtumie ujumbe yeyote kati yetu, tutakusindikiza na tutakaa nje.

Mwenzetu amerudi kucheza pia, siku za Jumamosi, kiungo mkabaji, dakika ishirini halafu anatoka. Ndugu zetu wa mashirika mnaosoma ukurasa huu, uwanja wetu hauna choo. Cha karibu kiko ng’ambo ya barabara ya malori, na mlango wake haufungi.