Orlando Martins, Mchezaji wa Nafasi za Pembeni

Mwaka 1954 kampuni ya Ealing ya London ilitoa picha ya sinema iliyoitwa West of Zanzibar. Sehemu yake ilipigwa Unguja, na kisa chake kilihusu magendo ya pembe za ndovu yaliyopitia pwani hii. Mtazamaji aliyeujua Mji Mkongwe angaliitambua bahari, na majahazi pia. Lakini watu waliopewa maneno ya kusema angaliona taabu kuwatambua. Wakili Dhofar alikuwa Martin Benson, Mwingereza. Khingoni alikuwa Peter Illing, mzaliwa wa Vienna. Chifu Ushingo alikuwa Edric Connor wa Trinidad. Na M'Kwongwi, msaidizi wa bwana nyama, alikuwa Orlando Martins wa Lagos. Jina hilo la M'Kwongwi, pamoja na alama yake ya kukata, yamkini lilizaliwa mezani London, maana pwani na bara halina ndugu.

Martins alizaliwa mwaka 1899. Aliingia London baada ya Vita Kuu ya Kwanza, na riziki yake ya awali haikuwa ya sanaa. Alichukua mizigo ya samaki katika soko la Billingsgate, akalinda usiku, akapigana mieleka, akacheza na nyoka katika sarakasi. Kisha akaingia jukwaani, na mwaka 1935 alionekana katika Sanders of the River, picha iliyoutukuza ukoloni hata Paul Robeson, aliyekuwa mchezaji wake mkubwa, akajuta hadharani. Miongoni mwa waliokodiwa kujaza uwanja alikuwamo Mkikuyu mmoja aliyekuwa masomoni, Jomo Kenyatta. Huyu alikuwa na kazi nyingine ikimngoja. Martins hakuwa na nyingine. Sinema ndiyo ilikuwa shamba lake, na shamba lenyewe lilikuwa la mtu.

Nafasi aliyoipata ilikuwa ile iliyobaki baada ya wakubwa kugawiwa zao: mganga, mzee wa kijiji, askari, mtumishi. Ni rahisi kumlaumu kwa kuzikubali. Lakini lawama hiyo husahau kutazama alivyozicheza. Katika Men of Two Worlds ya mwaka 1946, iliyowekwa Tanganyika, alikuwa Magole, mganga anayewazuia watu wake wasihamishwe kukimbia malale. Waandishi walimtaka Magole awe ujinga uliovaa ngozi. Martins alimpa mwili mzito, sauti ya chini, na utulivu wa mtu aliyezoea kusikilizwa; hata mtazamaji anayejua kwamba dawa ya daktari ndiyo ya haki huona kwamba anayeshindwa ni mtu mwenye heshima yake, wala si kinyago. Heshima hiyo haikutoka katika maandishi. Aliileta mwenyewe, na hakulipwa zaidi kwa ajili yake.

Katika The Hasty Heart ya mwaka 1949 maneno yalipungua karibu yaishe. Alikuwa Blossom, askari Mwafrika katika hospitali ya vita Burma, asiyejua Kiingereza. Wenzake, Richard Todd na Ronald Reagan, walikuwa na mazungumzo tele. Yeye alikuwa na macho na tabasamu. Mchezaji mdogo angaliyatumia macho hayo kuchekesha. Martins aliyatumia kusikiliza, na kumsikiliza mtu usiyemwelewa ni kazi ngumu mbele ya kamera.

Simba ya mwaka 1955, juu ya Mau Mau, ilimrudisha tena Kenya ya kubuni, akiwa mzee wa kijiji. Hakuna haja ya kukaa juu yake.

Katika mwaka 1970 ilitoka Kongi's Harvest, iliyotokana na mchezo wa Wole Soyinka na kupigwa Nigeria. Martins, akiwa na umri wa miaka sabini, alikuwamo, tena pembeni kama kawaida yake. Safari hii mhusika wake aliitwa Dakta Gbenga, jina la Kiyoruba ambalo kila mtu wa Lagos angaliweza kulitamka. Alifariki katika mji huohuo mwaka 1985.