Desturi Naijua, Nauliza Sababu

Sisi wa Kalunguta, kati ya Butembo na Beni, hatuwezi kusahau siku za Ebola. Ugonjwa ule ulitangazwa tarehe 1 Agosti 2018, ukatangazwa kwisha tarehe 25 Juni 2020, nao uliua watu 2,287.

Siku moja ya mwaka 2019 tulifiwa na mzee wa jamaa yetu. Mama zetu walikuwa wamekwisha kuteka maji ya kumwosha. Ndipo wakafika wazikaji waliofunikwa nguo nyeupe toka kichwani hata miguuni, wakasema: «Msimguse.» Tulikasirika sana. Je, mtu aliyetulea azikwe na wageni kama asiye na jamaa? Vijana waliokota mawe, na sisi wakubwa hatukuwazuia.

Mzee mmoja, asiyejua kusoma, akasimama mlangoni, akauliza: «Watoto wangu, tunamwosha mfu kwa sababu gani?»

Mmoja akajibu: «Ni desturi.»

«Desturi naijua. Nauliza sababu.»

Tukanyamaza. Mwishowe shangazi akasema: «Ni kumheshimu.»

Mzee akauliza tena: «Na yeye angependa heshima hiyo iwaue wajukuu wake?»

Vijana wakatupa mawe chini. Wazikaji wale wakamzika, sisi tukiimba kwa mbali.

Baadaye mwalimu mmoja alitusimulia habari za Odera Oruka, mwanafalsafa wa Kenya, aliyefundisha katika Chuo Kikuu cha Nairobi na kufariki mwaka 1995. Wengi hudhani mwanafalsafa ni mtu wa vitabu tu. Huyu alikwenda vijijini, akaketi na wazee, akawauliza juu ya Mungu, kifo na haki. Akaona kwamba wazee wenye hekima ni wa namna mbili. Wa kwanza hushika maneno ya mababu na kuyaeleza vizuri. Wa pili huyapima pia, wakitafuta sababu. Hao wa pili ndio aliowaita wanafalsafa, hata kama hawakusoma shule. Tulipoyasikia hayo tulimkumbuka mzee wetu wa mlangoni.

Oruka naye aliitwa kwenye habari ya maziko. Mwanasheria S. M. Otieno, Mjaluo, alifariki Desemba 1986. Mjane wake, Wambui, Mkikuyu, alitaka kumzika karibu na Nairobi. Ukoo ulitaka azikwe Nyalgunga, kwa wazee wake. Mwaka 1987 Oruka alisimama mahakamani, upande wa ukoo, aeleze desturi za Wajaluo. Watu wa Kenya waliifuata kesi hiyo kila siku katika magazeti. Ukoo ulishinda, na Otieno akazikwa tarehe 23 Mei 1987, baada ya miezi mitano. Wako wasemao mjane alionewa. Wako wasemao ukoo ulikuwa na haki. Sisi hatuwahukumu.

Lakini tunaona jambo moja. Kule Nairobi, kama huku kwetu, swali liliulizwa maiti akingoja na watu wamekwisha kukasirika. Saa ile masikio huwa mazito. Zamani baba zetu waliulizana maneno mazito jioni katika kyaghanda, pasipo haraka. Basi tuketi tena, wazee na vijana, wanawake na wanaume, tuulizane sababu za desturi zetu wakati hakuna msiba. Mzee wetu alitukuta na mawe mikononi, akatuokoa. Je, siku nyingine asipokuwapo, nani atauliza?