Mtoto Aliyelishwa Uji Mbele ya Kamera

Unajua ni mtoto gani aliyekuwa miongoni mwa wa kwanza duniani kupigwa filamu nyumbani kwao? Aliitwa Andrée Lumière, wa Ufaransa. Mwaka wa 1895, baba yake Auguste alimlisha uji kwa kijiko huku mama yake, Marguerite, akijimiminia kahawa. Ami yake Louis alikuwa nyuma ya kamera, akizungusha mkono wake kwa mwendo mmoja kama fundi wa cherehani. Ukanda mzima ulikwisha kabla ya dakika moja. Sauti haikuwepo, lakini watazamaji wa Paris walishangaa kuona hata majani ya miti yakitikiswa na upepo.

Familia hiyo ilikuwa na kiwanda cha vifaa vya picha. Mtu wa kawaida je? Kwake mambo yalikuwa magumu. Filamu ilikuwa ghali, tena ilishika moto upesi, hatari kubwa sebuleni. Mwaka wa 1898 Mwingereza Birt Acres alipasua ukanda wa milimita 35 katikati ili kupunguza gharama, akauunda mtambo aliouita Birtac. Ilibidi kungoja hadi 1923 ndipo kampuni ya Kodak ilipotoa ukanda wa milimita 16 usioshika moto ovyo. Hata hivyo kamera pamoja na vifaa vyake viliuzwa dola 335, pesa ambazo zingenunua gari jipya la Ford!

Kwa sababu hiyo, mwenye kamera alifikiri kwanza kabla ya kuizungusha. Alichagua arusi, au mtoto anayejifunza kutembea.

Andrée alifariki mwaka wa 1918 kwa homa kali ya mafua iliyoenea duniani, akiwa na umri wa miaka 24. Lakini katika filamu ile bado ananyoosha mkono wenye biskuti. Kila niitazamapo humkumbuka nyanya yangu, ambaye sura yake imebaki katika picha moja tu, ile ya kitambulisho. Jinsi alivyokuwa akicheka, wanangu hawataiona kamwe.

Wewe una simu iliyojaa video. Leo jioni chagua tatu, uziweke mahali salama, na uandike majina ya waliomo. Kama wazazi wako wangali hai, waendee Jumapili hii uwapige filamu wakila tu.