Jua la Saa Moja: Barua kutoka Mpanda

Mpanda, Julai

Ami yangu mpenzi,

Mimi mzima, ila baridi ya huku asubuhi si ya kuzoea haraka kwa mtu wa pwani. Barua itakapokufika, watu wa Makunduchi huko Unguja watakuwa wameshapigana kwa migomba, kibanda cha makuti kimeshachomwa, na kinamama wameshaimba mpaka sauti zikawakauka. Mwaka huu Mwaka Kogwa, sherehe yetu ya mwaka mpya, unanipita, lakini sijapata kuuwaza kama nilivyouwaza huku.

Aliyenianzisha ni jua. Ile saa ya kutia ufunguo uliyoifungua dukani kwako ukaisafisha magurudumu na kuibadilisha springi inakwenda barabara. Kila jioni naipatanisha na redio. Huko kwetu Julai jua huchomoza kiasi cha saa kumi na mbili na nusu. Saa hiyo Mpanda bado giza. Akrabu zinapita saa moja, na dakika kadhaa baadaye ndipo jua linatokeza juu ya miombo. Mchana vilevile: jua linafika juu kabisa saa saba, na magharibi inaingia karibu saa moja ya usiku.

Sababu yake unaijua kuliko mimi, Ami. Tanzania nzima tunafuata saa ya mstari wa nyuzi 45 mashariki, unaopita mbali baharini kutoka Unguja. Makunduchi ipo karibu na nyuzi 39 na nusu, Mpanda nyuzi 31. Kila nyuzi moja jua hulichukua dakika nne kuivuka. Kwa hiyo tofauti yetu na huku ni zaidi ya nusu saa, japo saa zote za nchi zinasema jambo moja.

Wenyeji hawaoni ajabu. Ofisi na shule zinafunguliwa kwa saa ya nchi, shamba na sala vinakwenda kwa jua. Juzi jioni nilikuwa na mdogo wangu kwenye simu nikasikia adhana ya magharibi ya kwenu, nami huku nimekaa barazani jua likinipiga usoni. Aliposwali akamaliza, akala, ndipo muadhini wa hapa alipopanda. Nimefurahi mno, siwezi kukuficha. Sote tulikuwa ndani ya wakati.

Treni ndiyo iliyoileta saa ya nchi mpaka huku kwa nguvu. Reli hii inachepuka kutoka reli ya kati pale Kaliua, inakata pori la Ugalla na kuishia Mpanda. Waingereza waliijenga mwishoni mwa miaka ya 1940 kwa ajili ya madini ya risasi. Siku ya treni mji unabadilika: magunia ya mpunga na mahindi, madumu ya asali, watu na watoto wao mgongoni. Nikawaza kwamba hii nayo ni sikukuu ya wakati, ingawa hakuna aliyeiita hivyo.

Kusini ya mji kuna Hifadhi ya Katavi, iliyoanzishwa mwaka 1974. Nilifika hadi Ikuu. Mto Katuma unapungua, na viboko wameanza kusogeleana; wanasema ifikapo Oktoba watakuwa wamebanana kwenye madimbwi, migongo kwa migongo. Miombo nayo huchipua majani mekundu kabla mvua haijanyesha tone. Mtu wa hapa akitazama maji na majani anajua mwaka umefika wapi, hana haja ya karatasi ukutani.

Hapo ndipo nilipourudia Mwaka Kogwa. Tumezoea kuwaonyesha wageni moto na migomba, tukaisahau hesabu iliyo chini yake. Siku ya Nairuzi, yaani siku yenyewe ya mwaka mpya, ndiyo inayofungua hesabu: mwongo ni siku kumi, miongo 36 inafanya siku 360, kisha siku tano za kukamilisha mwaka wa jua. Mabaharia na wakulima waliuhesabu tangu siku hiyo, wakajua kusi itashika lini na wapande nini lini. Na kwa kuwa hesabu haina ile robo ya siku, Nairuzi inarudi nyuma siku moja kila miaka minne. Zama za babu zake babu iliangukia Agosti. Ni mtambo kamili, Ami, usio na gurudumu hata moja.

Mnara wa saa wa jumba la Beit el-Ajaib, pale mjini Unguja, ulipoanguka Desemba 2020 wewe ulilia, nakumbuka, na haki yako. Mnara wa zamani pale uliharibiwa na mizinga ya Waingereza tarehe 27 Agosti 1896, na mwingine ukajengwa kwenye uso wa jumba lenyewe. Mafundi wa jiwe na chokaa wa kuujenga tena wapo. Wanaoweza kuhesabu miongo kwa kichwa naogopa wamebaki wachache, na sijasikia aliyekaa nao na kalamu.

Basi nina ombi. Sherehe zikishapoa, nenda kwa wazee unaowajua pale Makunduchi. Waulize mwongo wa ngapi kusi hulegea, mwongo wa ngapi vuli huanza, upi ulikuwa wa kupanda mtama na upi wa kushusha chombo majini. Andika kama wanavyosema, usiwasahihishe. Daftari nitakulipia mimi. Mpe mdogo wangu alilete Dar es Salaam, nami nitalichukua nikishuka na treni mwezi ujao, inshallah.

Mwanao akupendaye