Santuri ya Babu

Babu anayo santuri moja tu, na hailii. Gramafoni iliharibika kabla baba yangu hajaoa, sindano ikapotea, lakini santuri yenyewe ipo kabatini, imefungwa kwenye gazeti, na ole wake mtoto atakayeigusa. Ni ya Mbaraka Mwinshehe na Morogoro Jazz. Aliinunua Nairobi enzi zile akiendesha lori, akaja nayo kwa barabara hii hii ya Namanga inayopita hapa kwetu Sakina.

Nilipokuwa mdogo nilimwuliza, mtu wa Morogoro ananunuliwaje Nairobi? Akanicheka. Kumbe Tanzania wakati ule haikuwa na kiwanda cha santuri. Redio Tanzania iliwarekodi wanamuziki ikawapiga hewani, basi. Aliyetaka santuri yake iuzwe dukani ilibidi aangalie Kenya. Fikiria, ndugu msomaji! Sauti inazaliwa Morogoro, inachapwa Nairobi, halafu inarudi kwetu chini ya kiti cha dereva.

Na hilo neno “Jazz” lisikudanganye. Usitafute piano wala Wamarekani wa New Orleans. Huku kwetu lilikuwa jina la bendi ya dansi: Dar es Salaam Jazz, Western Jazz, Tabora Jazz. Magitaa, saksafoni, ngoma, na watu wanacheza hadi kuche. Morogoro Jazz ilianza 1944, mwaka ule ule aliozaliwa Mbaraka. Pale mjini walikuwapo pia Cuban Marimba wa Salum Abdallah, aliyefariki kwa ajali ya gari mwaka 1965. Mbaraka alikuwa akipiga gitaa la solo na kuimba, na mwaka 1970 alikwenda na wenzake Osaka, Japani, kwenye maonyesho makubwa ya dunia. Mtu wa Morogoro, Japani!

Sasa sikia. Mwaka 1973, bendi ikiwa juu kabisa, Mbaraka akaondoka. Hakufukuzwa na njaa. Akaunda bendi yake, Super Volcano. Hakuwa hata na miaka thelathini.

Mimi nina ishirini na sita. Tangu nimalize kidato cha nne nimejaza madaftari matatu makubwa kwa riwaya ya mpiga gitaa, na sasa niko la nne. Baba hasemi ni ujinga. Anasema tu, “Mwanangu, utakula wino?” Mwezi uliopita ameniletea fomu ya chuo cha udereva. Ada ameshaipata, na najua ameuza nini kuipata.

Basi jioni moja nikamsomea Babu sura ya tatu, ile ya ukumbini, niliyokuwa naringia kuliko zote. Alisikiliza kimya, kofia magotini. Nilipomaliza akaniambia, “Mjukuu wangu, huyu mtu wako anavaa vizuri sana. Lakini hapigi.”

Niliona aibu, jamani. Nikatoa simu, nikatafuta “Shida”, nikaiweka kwenye meza. Babu akainua kidole: “Hapo! Anaimba, kisha gitaa linamjibu. Na anayejibu ni yeye yule yule.” Nilikuwa nimeusikia wimbo ule mara mia, sikuwahi kulisikia hilo.

Ndipo akanisimulia habari za 1979. Mpaka wa Kenya ulikuwa umefungwa tangu Februari 1977, Jumuiya ilipokuwa inakufa. Lori la tajiri wake lililala uani, magurudumu yakaisha upepo. Vita na Idi Amin ilikuwa inaendelea. Januari 12 Mbaraka akafa kwa ajali ya gari huko Mombasa. Alikuwa na miaka thelathini na minne. Babu alipata habari redioni, akaitoa ile santuri, akaipiga mara moja tu, maana mke wake alikuwa mgonjwa. Mpaka ulifunguliwa tena Novemba 1983, na Babu hakurudi tena kwenye lori.

“Ulijuta udereva?” nikamwuliza.

“Ulinilisha,” akasema. “Hebu rudisha pale mwanzo.”

Nikarudisha. Baba akatoka ndani, akasimama mlangoni akisikiliza na yeye, hakusema kitu.

Sura ya tatu nimeichana. Fomu iko ndani ya daftari la nne. Ijumaa ndiyo mwisho wa kuirudisha, na leo ni Jumatano.