Safu Mbili za Ubaoni

Zama nilipoanza kusomesha jiografia mjini Babati, nasi tungali chini ya Arusha kwa kuwa Mkoa wa Manyara haukuundwa hadi mwaka 2002, sababu za kubadilika kwa tabia ya nchi ziliandikwa ubaoni katika safu mbili, za maumbile na za wanadamu, na wanafunzi wakazinakili kana kwamba zote zina uzito mmoja: volkeno na madoa ya jua huku, ukataji wa miti na moshi wa viwanda kule. Aghalabu ilipofika zamu ya wanadamu, macho yalielekea Mlima Kwaraa, na lawama ikamshukia mchoma mkaa kabla ya tajiri yeyote wa ng'ambo.

Dhana hiyo ilitikiswa kwanza na jirani zetu wa Duru-Haitemba, ambao katika miaka ya 1990, serikali ilipokusudia kuutwaa msitu wao wa miombo uwe hifadhi yake, waliomba waachiwe waulinde wenyewe, wakajiwekea sheria na walinzi, na msitu ukastawi. Tangu hapo sikuona insafu kumsomesha mtoto kwamba mwanakijiji ni adui wa miti.

Kisha tukaanza kupima. Mlima Pinatubo wa Ufilipino, ulipolipuka mwaka 1991, uliipoza dunia kwa takriban nusu ya digrii, na baada ya miaka michache athari hiyo ikatoweka. Ilhali hewa ya ukaa, iliyokuwa sehemu 280 katika milioni kabla ya zama za viwanda, leo imepita 420, na mchango wa Afrika nzima katika moshi wa kila mwaka ni kama asilimia 4 tu.

Tarehe 3 Desemba 2023 tope la Mlima Hanang liliposhuka Katesh na kuua watu zaidi ya 80, wanafunzi, baadhi yao wakiwa na jamaa huko, waliuliza kama volkeno ile ya kale imeamka. La, haikuamka, miamba laini ililowa mvua ikaporomoka. Mvua yenyewe ilikuja katika msimu wa El Nino, ambayo ni ya maumbile, walakini kila digrii moja ya joto huiwezesha hewa kubeba mvuke zaidi kwa asilimia 7 hivi, na joto hilo ni letu wanadamu. Zile safu mbili hazikutosha tena kulieleza jambo hili.

Nawasihi walimu wenzangu: kila mwandikapo sababu, andikeni na kiasi chake, na mtaje ni nani aliyefukiza moshi huo.